Mama wa Chicago Mtaani Nyakasanza

Jumamosi, 7 Septemba

Mvua ya msimu imeanza leo hapa Bunia. Ilipiga mabati ya Honoré hata nikalazimika kusoma kwa kupaza sauti kama mhubiri. Honoré ni muuguzi na kitabu ni chake. Alikipata ndani ya sanduku lililoachwa na padri mmoja aliyerudi kwao. Kiko kwa Kifaransa. Kwa sababu ninafundisha historia sekondari, kazi ya kukigeuza Kiswahili imeniangukia mimi. Wanaonisikiliza ni Honoré mwenyewe. Vahwere, anayeuza makayabu, samaki wa chumvi, soko kuu. Na Ézéchiel, mwanafunzi aliyeteremka kutoka Kpandroma mwezi wa saba, kijana asiyeachana na simu yake.

Aliyeandika ni mwanamke Mweusi wa Amerika. Alikuwa katika chama cha Pantere Weusi, waliopigania haki za Weusi wenzao, mjini Chicago, zaidi ya miaka hamsini iliyopita. Hakuwa kiongozi, hakuna barabara yenye jina lake. Alipika, alipiga chapa magazeti, alizika rafiki zake. Sisi tunamwita Mama wa Chicago. Leo tulisoma habari za utoto wake, siku waliposikia kwamba Lumumba ameuawa: mama yake alizima jiko, akavaa nguo ya kanisani, akaenda kusimama barabarani na bango ndani ya theluji.

“Alisimama ndani ya barafu juu ya mutu ya kwetu?” Vahwere aliuliza.

“Ndiyo.”

“Na siye hatujue hata jina yake.” Akaniomba nirudie ukurasa ule.

Jumatano, 11 Septemba

Mvua. Nusu ya darasa hawakuja.

Jumamosi, 14 Septemba

Leo ni sura ya chakula cha asubuhi. Pantere walikuwa wakiwapikia watoto maskini kabla ya shule, ndani ya chumba cha chini cha kanisa. Mama wa Chicago anasema polisi waliogopa bunduki za chama, lakini waliogopa zaidi yale masufuria, kwa sababu bunduki unaweza kumnyang'anya mtu, ila mtoto aliyeshiba huwezi kumnyang'anya shibe yake.

Vahwere alipiga paja. “Ile wao walifanya, siye tunashindwa nini?”

Nyuma ya mtaa wetu iko saiti, kambi ya watu waliokimbia vita vya upande wa Djugu. Watoto wao wanakuja shuleni kwangu na matumbo matupu, wanalala juu ya madawati. Honoré alisema atatafuta soya, Vahwere akasema mahindi na sufuria ni yake. Ézéchiel alisema atachota maji. Niliondoka pale nikiwa na furaha ya kijinga, kama msichana.

Nyumbani nilimweleza mume wangu. Baudouin alikuwa dereva wa lori njia ya Boga. Mwaka jana lori lililokuwa mbele yake liliunguzwa pamoja na watu waliokuwa ndani. Alirudi kwa miguu, na tangu siku ile hajashika usukani. Anafuga bata nyuma ya nyumba na anasikiliza magari yanayopita.

“Nani aliwapa ruhusa?” aliniuliza.

“Njaa.”

Hakucheka. “Bibiane, jimbo liko chini ya wanajeshi. Raia anahukumiwa na korti ya askari. Weye unanijibu mambo ya njaa?”

Jumatatu, 16 Septemba

Uji wa kwanza. Uliungua kidogo chini. Haukubaki hata wa kulamba.

Jumatatu, 23 Septemba

Mwanaume mwenye kofia nyeusi alisimama na pikipiki kando ya sufuria. Hakusalimia. Alitazama nyuso zetu moja moja, kama mtu anayechagua mbuzi, akaondoka. Vahwere alimtukana kwa Kinande, lakini kwa sauti ndogo.

Alhamisi, 26 Septemba

Jirani yetu, mama ambaye nilimsaidia kuzika mtoto wake, alipita mbele yangu bila kunijibu. Baadaye alisema nyuma ya ukuta, kwa kusudi nisikie: “Wanawanenepesha watoto wa saiti, watoto wa wenye kutuua.”

Baadhi ya watoto wale bado hawajui kufunga kamba za viatu.

Jumatatu, 30 Septemba

Yule wa kofia amerudi. Safari hii walikuwa wawili. Ézéchiel alikuwa akipiga picha foleni ya watoto kwa simu, kama anavyofanya kila asubuhi. Kwa mara ya kwanza nilijiuliza picha zile zinaenda wapi.

Jumamosi, 5 Oktoba

Sitaki kuandika ya leo, lakini usingizi hautakuja nisipoyaandika.

Tulifika kwenye sura ya mpelelezi. Katika chama chao Chicago kulikuwa na kijana aliyependwa na wote. Alitengeneza magari yao, alibeba mtoto wa Mama wa Chicago begani, alikula mezani kwake kila Jumapili. Kumbe kila wiki alipeleka habari serikalini: nani analala wapi, mlango gani haufungi vizuri. Alfajiri moja polisi walikuja na kupiga risasi kupitia ukuta, na walijua kitanda kiko upande gani. Rafiki zake walikufa ndani ya shuka.

Nilipofika hapo niliacha kusoma. Mvua ilikuwa imenyamaza. Honoré alitazama mlango wake. Vahwere alimtazama Ézéchiel, kisha akanitazama mimi, na katika jicho lake niliona kwamba hata mimi ananipima.

“Tuendelee, Madamu?” Ézéchiel aliuliza.

“Hapana,” Honoré alisema. “Leo inatosha.”

Nilikunja pembe ya ukurasa, nikaweka kitabu ndani ya kitenge, nikatembea haraka. Jalada lake lina picha ya mwanamke mwenye ngumi juu na bunduki mgongoni. Sikuwahi kuiona bunduki ile kuwa kubwa namna hii.

Jumatano, 9 Oktoba

Wamemchukua Honoré. Watu wa usalama, bila sare, mchana mweupe, kutoka mlangoni mwa zahanati anapofanya kazi. Wagonjwa waliona. Mmoja alikuwa bado na sindano kwenye mkono.

Baudouin aliniuliza: “Kitabu kiko wapi?” Nilimpa. Alikifunga ndani ya plastiki, akainua sanduku analotagia bata mkubwa, akachimba na kukifukia chini yake. Bata alimng'ata. Tuliangaliana, sisi wawili tu, katika matope, na hata mama yangu mzazi sitamwambia mahali pale.

Alhamisi, 10 Oktoba

Hakuna habari za Honoré.

Ijumaa, 11 Oktoba

Hakuna. Gari likisimama nje, nazima taa.

Jumamosi, 12 Oktoba

Nimekutana na Vahwere nyuma ya meza yake sokoni, katikati ya harufu ya makayabu. Mimi ndiye niliyelitaja jina.

“Ézéchiel,” nilisema. “Alikuja mwezi wa saba. Hatujui jamaa yake. Anauliza maswali mengi. Anapiga picha. Na baada ya picha, Honoré amekamatwa.”

“Na mimi niko nawaza vile vile,” Vahwere alisema. “Sawa na ule wa Chicago. Ule alibeba mutoto, huyu anabeba maji.”

Tulipata nguvu kidogo kwa kukubaliana. Woga ukipata jina la mtu unakuwa mwepesi kubeba.

Jioni kijana alikuja kwangu. Nilimwambia asije tena, wala kwenye uji wala kusoma.

“Nimefanya nini, Madamu?”

“Pumzika kwanza.”

“Mimi sichoke.” Alingoja niseme neno. Nilifunga mlango.

Jumanne, 15 Oktoba

Tulipika wawili tu. Maji tulibeba wenyewe.

Ijumaa, 18 Oktoba

Wanafunzi wangu wananong'ona kwamba kuna “mutu ya kuuzisha wengine” mtaani, mwenye simu, wa kutoka juu. Nani amewaambia? Nilimuuliza Vahwere. Alishusha macho. Alimwambia mwenzake mmoja tu, meza ya jirani, mwanamke wa kuaminika.

Jumapili, 20 Oktoba

Mvua tangu alfajiri. Sikwenda misa.

Alhamisi, 24 Oktoba

Tangu juzi sikuwa na kalamu. Naandika yote sasa, kwa utaratibu.

Jumanne nilikuwa natoka shuleni, kabla ya saa sita. Kwenye njia panda iliyo karibu na soko nilisikia kelele ile ambayo kila mtu wa Bunia anaijua, ya vijana wengi wanaopiga filimbi kwa pamoja. Watu wenye akili wanageuza njia. Na mimi niligeuza. Ndipo nikasikia sauti ikisema, “Mimi sina kosa! Muulize Madamu Bibiane!”

Miguu yangu haikutaka. Sijui niiandike namna gani. Nilirudi, lakini nilirudi nikilia kabla sijaona kitu.

Ézéchiel alikuwa ameketi ndani ya dimbwi. Shati halikuwapo, sikio lilikuwa limepasuka, na walikuwa wamemvalisha taire shingoni. Simu yake ilikuwa mikononi mwa wengine wakipitia picha. “Angalia, watoto! Anahesabu watoto wa watu!” Kijana mmoja alikuwa na bidoni ya petroli.

Kabla sijawafikia, Vahwere alitokea upande wa soko. Alikuja na beseni lake kichwani, akalitupa, samaki wakaruka katika matope, naye akapasua watu kwa mabega yake. Ni mwanamke mnene, mwenye magoti mabaya. Aliketi chini ndani ya maji yale, akamkumbatia Ézéchiel pamoja na taire lake.

“Muniunguze na mimi!” alipiga kelele. “Mimi nilisema huyu ni mupelelezi. Mimi! Na sikuona kitu, sikusikia kitu, niliogopa tu! Muniunguze, weye mwenye bidoni, anza na mimi!”

Wakasita. Katika kusita kule nilimtambua mwenye bidoni. Alikaa darasani kwangu miaka miwili, safu ya nyuma.

“Chance!” nilimwita. “Chance, ni mimi, Madamu.”

“Madamu, toka hapa.”

“Sitatoka. Mimi ndiye nilianza kumtaja. Ukitaka mwenye kosa, niko hapa.” Nilinyoosha mkono kuelekea bidoni. “Weka chini, mwanangu.”

Hakuiweka chini. Aliishika tu, akatazama dimbwi, akaanza kulia kama mtoto, na wenzake wakaanza kumtukana. Hapo gari la askari lilifika, watu wakatawanyika, na sisi watatu tukapakiwa nyuma.

Ndani ya gari Ézéchiel alisema, damu ikitoka mdomoni: “Picha zilikuwa za mama.”

“Mama gani?”

“Mama yangu. Iko Kpandroma, macho yake haioni mbali, lakini uso wa mutoto wake ataujua. Wakati tulikimbia, dada yangu mudogo alipotea njiani. Gracia. Kila asubuhi natuma sura za watoto wa foleni. Mama anajibu: hayuko. Hayuko. Hayuko.”

Vahwere alivua kitambaa cha kichwa akamfunga sikio.

Ofisi tuliyopelekwa sitaitaja. Walituweka kwenye kasho, chumba cha mahabusu, wanawake kwa wanaume pamoja, na kesho yake mchana walituita. Mkubwa alikuwa mtu mpole, mwenye miwani. Juu ya meza yake nilikiona kitabu. Plastiki yake bado ilikuwa na matope.

“Madamu profesa, hii ni kitabu ya maasi.”

“Ni historia, shefu.”

“Hawa wanawake wenye bunduki wako wapi?”

“Amerika.”

“Unawasiliana nao?”

“Wengi walishakufa, shefu.”

“Nani anawalipa kupika uji?”

“Hakuna.”

Alifungua pale nilipokunja pembe. “Mliishia hapa. Soma mbele. Geuza kwa Kiswahili, wote wasikie.”

Nikasoma. Ézéchiel alikuwa ameegemea ukuta, Vahwere kando yake. Mama wa Chicago anaandika kwamba baada ya maziko walianza kutafuta wapelelezi wengine. Walimfukuza huyu kwa sababu alichelewa mkutanoni, yule kwa sababu alikuwa na viatu vipya. Mmoja walimpiga hata akapoteza jicho, naye alikuwa msafi kama maji. Anasema: serikali ilitupandia mtu mmoja, sisi tukavuna mia kwa mikono yetu. Anasema katika msimu ule wa baridi chama kiliwafukuza watoto wake wengi kuliko waliokamatwa na polisi.

Ukurasa ule ulikuwa mgongoni mwa ule tulioachia. Jumamosi ile ingenitosha kugeuza karatasi moja tu.

Sikuweza kumaliza. Mkubwa alichukua kitabu, akakifunga taratibu.

“Huyu mama iko na akili,” alisema. “Mutaenda nyumbani. Kitabu inabaki. Na mwambie mume wako aache kuficha vitu chini ya bata; bata inachafua makaratasi ya dosye yetu.”

Wenzake walicheka. Mimi sikuelewa mara moja. Nilielewa barabarani: mahali pale tulipajua wawili tu.

Jumamosi, 26 Oktoba

“Ni weye,” nilimwambia Baudouin.

Alikuwa anawatupia bata pumba. Hakukana. Aliendelea kutupa mpaka bakuli likawa tupu, kisha akabaki na bakuli mkononi.

Ana binamu, Anselme, katika ofisi ile. Tangu uji wa kwanza Anselme alimwita wakanywe bia, akamwambia mke wako anatafutwa, nisaidie nikusaidie. Na Baudouin akasema yote. Kila wiki. Majina, siku, sura tuliyosoma, na mwisho mahali pa kitabu.

“Niliwaza wakijua yote hawataogopa,” alisema. “Mutu asiyeogopa hapigi. Niliwaambia ni uji tu, Bibiane. Kila mara nilisema, ni uji tu.”

“Na Honoré?”

“Waliuliza kitabu ni ya nani.”

“Na Ézéchiel alipopigwa badala yako?”

Hapo alikaa chini, kwenye matope, na akafunika kichwa kwa mikono, namna ile aliyokaa siku aliporudi kutoka njia ya Boga. Nilitaka kumchukia vizuri, chuki nzima isiyo na tundu. Lakini niliuona woga wake, nikautambua. Ni ndugu wa wangu. Wake ulikwenda kwa Anselme, wangu ulikwenda kwa Vahwere sokoni.

Nimehamishia godoro langu chumba cha mbele.

Jumatatu, 28 Oktoba

Nilikwenda hospitali. Ézéchiel amegeukia ukuta. Muuguzi alisema anasikia kwa sikio moja.

Jumatano, 6 Novemba

Mvua ya mawe. Mahindi ya watu yamelala.

Jumamosi, 9 Novemba

Jamaa za Ézéchiel wamekuja kumrudisha Kpandroma. Vahwere aliwapelekea chakula cha njiani, walikipokea. Mimi nilimwambia Ézéchiel, nisamehe. Akasema, “Madamu, sijui bado.” Kisha akanipa namba ya mama yake. “Kama muko mnapika tena, tumeni picha.”

Jumamosi, 16 Novemba

Honoré ameachiliwa. Suruali inamwanguka. Nilimpelekea mayai ya bata, nikamweleza kila kitu, na habari za mume wangu pia. Alisikiliza akiwa ameshika kitasa cha mlango.

“Mimi nimemaliza, Bibiane,” alisema. “Usikasirike. Nimemaliza.”

Sikukasirika.

Jumatatu, 18 Novemba

Tumewasha moto tena, mimi na Vahwere, ambaye naye nimemweleza habari za Baudouin. Kitabu hatuna, kwa hiyo wakati uji unachemka Vahwere anataka nimwambie ninayokumbuka, naye anakosoa: “Hapana, uliruka. Kwanza mama yake alizima jiko.” Nimewapiga picha watoto, mbele ya mama zao, baada ya kuwaomba. Kutoka Kpandroma jibu lilikuja: hayuko. Aksanti.

Alhamisi, 21 Novemba

Mvua. Hayuko.

Jumanne, 26 Novemba

Jeep nyeupe ilipita mara mbili.

Alhamisi, 28 Novemba

Tulikuwa tunakula mchana, kila mmoja upande wake wa meza, simu ya Baudouin ikalia. Alinionyesha jina: Anselme. Ilikata, ikalia tena. Aliiweka katikati ya meza akafungua sauti ili nisikie.

“Ndugu, umepotea,” Anselme alisema. “Bibi yako amerudia. Nani wako naye sasa? Nipe majina, nikulinde.”

Baudouin alisogeza sahani kando. Nilidhani atataja. Nilimwona akitafuta jina.

“Niko na jina moja,” alisema mwishowe. “Andika.”

“Sema.”

“Baudouin.”

“Unajua unasema nini?”

“Ninajua. Niko naogopa sana, Anselme. Andika. Kesho asubuhi nitakuwa pale, nabeba maji.”

Akakata. Alikimbilia nje, nikamsikia akitapika kando ya ukuta.

Ijumaa, 29 Novemba

Alikuja. Kutoka bombani mpaka kwenye sufuria si mbali, lakini jeep ilikuwa imesimama njiani, injini ikiunguruma, na ilibidi apite kando ya madirisha yake. Nilimtazama kwa mbali. Alimwaga nusu ya maji kwa kutetemeka, suruali yote ikalowa.

Vahwere alimwacha asimame mbele yake muda mrefu, na bidoni yake nusu tupu, bila kumwambia karibu. Kisha akachungulia ndani ya bidoni.

“Haitoshi,” alisema. “Rudi tena.”

Akarudi.